Bei ya Njia

Mwezi Juni mwaka 1889, katika mji mdogo wa San Juan Capistrano, kusini mwa California, mwanamke kijana aitwaye Modesta Avila alilaza nguzo ya uzio juu ya reli ya kampuni ya Santa Fe, akaacha hapo na karatasi. Ujumbe wake ulikuwa mfupi: ardhi hii ni yangu, na reli ikitaka kupita hapa itanilipa dola 10,000. Max Mendelson, wakala wa reli mjini hapo, aliiondoa nguzo kabla treni haijafika. Hakuna behewa lililoacha njia, hakuna abiria aliyekwaruzwa. Jambo lingeweza kuishia hapo, likawa porojo za wiki moja dukani na nje ya kanisa baada ya misa.

Halikuishia hapo. Miaka miwili baadaye Modesta alikuwa amekufa akiwa mfungwa wa gereza la San Quentin, na jina lake ndilo lililofungua orodha ya watu waliotiwa hatiani kwa makosa makubwa katika kaunti mpya ya Orange.

Kwao leo anasimuliwa kwa mapenzi, na mapenzi hayo yamemfanyia ubaya kidogo. Wengi wanasimulia kwamba hakuweka nguzo, bali alifunga kamba kukatiza reli akaanika mashuka na nguo za ndani, na dereva wa treni akabaki ameduwaa. Wengine wanaongeza kwamba kilichomchokoza ni kuku: kelele za injini, futi 15 kutoka mlangoni pake, ziliwafanya wakatae kutaga. Ni hadithi tamu, na mtalii akiisikia anacheka. Sina ugomvi na kuku, na ninaamini kabisa kwamba treni ikipita hatua chache kutoka kwenye banda, mayai yatapungua. Lakini angalia kinachotokea unapoisimulia hivyo. Modesta anageuka mama wa nyumbani aliyechukizwa na kelele, mtu wa kuonewa huruma. Mahakama haikushughulika na mashuka wala mayai. Ilishughulika na nguzo na karatasi, na karatasi ile haikulalamikia kelele. Ilitaja bei.

Na mtu hutaja bei ya kitu anachoamini ni chake. Hilo ndilo lililomponza.

Ardhi yenyewe ilikuwa na historia ndefu ya kubadilisha wenyewe bila wenyewe kuulizwa. Kwanza ilikuwa nchi ya Waacjachemen, waliovua samaki kwenye pwani ile na kuokota kokwa za mialoni kwenye vilima vyake tangu enzi na enzi. Mwaka 1776 makasisi Wafransisko wakajenga misheni wakaiita San Juan Capistrano, na Wahispania wakaanza kuwaita wenyeji kwa jina la misheni, Juaneño, jinsi ng'ombe anavyopigwa chapa ya mwenye zizi. Mikono ya Waacjachemen ndiyo iliyoinua kanisa kubwa la mawe, na tetemeko la ardhi la Desemba 1812 likaliangusha juu ya vichwa vyao wakiwa katika ibada. Kisha Meksiko ikajitawala. Katika miaka ya 1830 serikali ikaziondoa misheni mikononi mwa kanisa, na mashamba yakagawiwa, mengi yakienda kwa familia chache zenye jina na zenye ng'ombe. Kufikia 1845 hata majengo ya misheni yalipigwa mnada: Pío Pico, ambaye wakati huo alikuwa gavana, alihakikisha kwamba yameangukia kwa shemeji yake John Forster na mwenzake, kwa dola 710.

Tuiweke akilini hiyo 710.

Mwaka 1848, baada ya vita, Marekani iliichukua California kwa mkataba wa Guadalupe Hidalgo. Mkataba uliahidi kwamba mali za Wameksiko waliobaki zitaheshimiwa. Ahadi iliandikwa vizuri. Miaka mitatu baadaye Bunge la Marekani likapitisha sheria iliyomtaka kila mwenye ardhi ya tangu enzi za Uhispania na Meksiko afike mbele ya tume athibitishe kwamba ardhi ni yake. Madai 813 yalifikishwa huko. Kwa wastani ilichukua miaka 17 mpaka mtu apewe hati ya mwisho, na katika miaka yote hiyo mawakili walitaka kulipwa, wapima ardhi walitaka kulipwa, na kodi haikusubiri mtu. Walipotaka kulipwa na fedha hakuna, walilipwa kwa ardhi. Wengi walishinda kesi na kushindwa maisha: siku hati ilipofika, shamba lilikuwa limeshaenda kwa wakili na mkopeshaji. Ukame wa 1862 hadi 1864 ukamalizia kazi. Ng'ombe walikufa kwa maelfu, na ng'ombe ndio waliokuwa benki ya kusini mwa California.

Kwa hiyo Modesta, aliyezaliwa katika miaka ya 1860, alikulia kwenye mabaki. Jina Avila lilikuwa kubwa San Juan, lakini jina kubwa si shamba kubwa. Kilichobaki kwa familia yake kilikuwa kipande kidogo kaskazini ya mji, na walikuwa nacho kupitia kwa mama.

Hapo kwa mama pana uzito. Sheria ya Kihispania, ambayo Meksiko iliirithi, ilimruhusu mwanamke kumiliki ardhi kwa jina lake, kuirithi, kuiuza, kuiachia watoto, hata akiwa ameolewa. Sheria ya Kiingereza ya zama hizo, iliyofuatwa na majimbo mengi ya mashariki mwa Marekani, ilimtazama mke kama sehemu ya mumewe: alichokuja nacho kikawa cha bwana. California ilipoandika katiba yake ya kwanza mwaka 1849 ilichukua upande wa desturi ya zamani, ikailinda mali ambayo mke amekuja nayo au amerithi. Hivyo msichana wa San Juan Capistrano alikua akiona jambo ambalo msichana wa rika lake kule Boston hakuliona kirahisi: wanawake wanaosema "shamba langu" bila mtu kuwashangaa. Modesta aliposema ardhi ni yake, hakuwa anajaribu msamiati mpya. Alikuwa anasema kilichokuwa kinasemwa nyumbani.

Sasa reli. Katikati ya miaka ya 1880 kampuni mbili ziligombania kusini mwa California: Southern Pacific, iliyofika Los Angeles mwaka 1876 na kujiona mwenye nyumba, na Santa Fe, mgeni aliyekuja kutoka Kansas. Walipunguziana nauli kwa hasira mpaka siku moja ya Machi 1887 tiketi ya kutoka Kansas City hadi Los Angeles ikauzwa kwa dola moja. Watu wakamiminika. Viwanja vikauzwa na kuuzwa tena siku hiyohiyo, miji ikachorwa kwenye karatasi kabla ya kuwa na kisima. Santa Fe ilitaka njia ya moja kwa moja kati ya Los Angeles na San Diego, ikitelemka kufuata bahari, kwa sababu njia yake ya kwanza ilizunguka bara na kupita korongo la Temecula, ambako mafuriko ya 1884 yalikuwa yameshaisomba mara moja. Njia mpya, iliyopita katikati ya San Juan Capistrano, ilikamilika Agosti 1888.

Reli haiwezi kukunja kona kumkwepa mtu mmoja. Injini ya mvuke inataka mpindo mpana na mteremko mdogo, na bonde la San Juan ni jembamba: upande huu vilima, upande ule kijito, kati yake mji. Mhandisi akishachora mstari, mstari unakata shamba la nani? Wa kulijibu hilo alikuwa mtu wa kupita nyumba kwa nyumba akipatana. Katika eneo lile Santa Fe ilimtegemea Richard Egan, Mwairishi ambaye mji ulimwita Don Ricardo: alikuwa mpima ardhi, hakimu wa hapo mjini, mkulima na msuluhishi, yote katika koti moja. Ukiwa na kampuni ya reli upande mmoja na hakimu wako akiwa ndiye dalali wake upande wa pili, mazungumzo ya bei hayachukui muda.

Tusiseme kwamba sheria ilikuwa kimya. Katiba ya California ya mwaka 1879 ilikataza mali ya mtu kuchukuliwa kwa matumizi ya umma bila fidia ya haki, tena ilitaka fidia hiyo ilipwe kwanza, kwa mwenye mali au kwa kuwekwa mahakamani, ndipo ardhi iguswe. Msomaji ambaye amewahi kuamka akakuta alama ya X ya rangi nyekundu ukutani kwake anajua uzito wa neno "kwanza" katika sentensi kama hiyo. Reli ilikuwa na haki ya kulazimisha kuuziwa, hilo lilikuwa wazi. Lakini ilipaswa kununua.

Kwa mizani ya katiba ile, karatasi ya Modesta haikuwa upuuzi. Ilikuwa na makosa ya mahali: ilipaswa kuwekwa kwenye meza ya karani wa mahakama, si kwenye mataruma. Ilikuwa na makosa ya wakati pia, maana reli ilikuwa imeshapita hapo karibu mwaka mzima. Na nguzo juu ya reli si mzaha hata kidogo. Treni za miaka ile ziliacha njia kwa sababu ndogo kuliko hiyo, mabehewa yalikuwa ya mbao na taa zake za mafuta, na ajali moja iliweza kuwa moto wa watu waliobanwa. Mwendesha mashtaka aliyesema kitendo kile kingeweza kuua hakusema uongo. Lakini nguzo iliondolewa mapema, na mtu anayekusudia kuangusha treni haachi karatasi yenye madai yake ili isomwe. Karatasi inataka msomaji, na msomaji lazima awe hai, tena awe na mamlaka ya kusaini hundi.

Je, dola 10,000 zilikuwa ni kichaa? Kibarua wa wakati ule akipata dola moja na nusu kwa siku, na akifanya kazi siku sita kila wiki bila kuumwa, angehitaji zaidi ya miaka 20 kuzikusanya, asile wala asivae. Zilikuwa mara 14 ya bei ambayo majengo ya misheni nzima yalikwenda kwa shemeji wa gavana. Ni fedha nyingi. Lakini kila aliyewahi kwenda sokoni anajua kazi ya bei ya kwanza: hutajwa ili bei ya pili iwe na mahali pa kushukia. Muuzaji anataja, mnunuzi anaguna, anaondoka hatua mbili, anaitwa, wanaanza. Modesta alitaja. Alichokuwa akingoja ni mtu agune.

Na inaonekana aliamini kabisa kwamba mgunaji anakuja. Masimulizi ya hapo mjini yanasema aliwaambia watu kwamba reli itamlipa, akafanya dansi huko Santa Ana, kilomita 30 na kitu kutoka nyumbani, kusherehekea fedha ambazo bado hajaziona, na polisi wakamkamata kwa kuvuruga utulivu wa wenzake. Wengine huichukua dansi hiyo kama ushahidi wa wepesi wa akili. Mimi naiona tofauti. Mtu anayejua kwamba amefanya uhalifu mkubwa dhidi ya kampuni yenye nguvu kuliko serikali ya kaunti hajifichi kwa kuita wapiga fidla.

Miezi minne ilipita kati ya nguzo na mashtaka. Katika miezi hiyo kitu kikubwa kilizaliwa: Kaunti ya Orange. Kura ya kujitenga na Los Angeles ilipigwa mwezi Juni 1889, mwezi uleule wa nguzo, na kaunti ikaanza kazi rasmi tarehe 1 Agosti. Haikuwa na jengo lake la mahakama. Lingekuja kujengwa zaidi ya miaka kumi baadaye. Ilikuwa na mji mkuu wa Santa Ana, wafanyabiashara waliotaka wahamiaji na mitaji, na hamu kubwa ya kuuonyesha ulimwengu kwamba hapa mali ya mwekezaji iko salama. Mwekezaji mkubwa kuliko wote alikuwa reli. Kesi ya Modesta ilifika mbele ya mahakama yenye umri wa wiki kadhaa, na ikawa nafasi nzuri ya kuonyesha hilo.

Jaji alikuwa James W. Towner, mmoja wa watu wa ajabu zaidi waliowahi kukalia kiti hicho. Alikuwa na jicho moja. Jingine alilipoteza vitani, wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe. Kabla ya kuhamia California alikuwa mwanajumuiya wa Oneida, jumuiya ya kidini katika jimbo la New York ambayo ilifuta ndoa ya wawili na kuweka badala yake ndoa ya wote: kila mwanamume katika jumuiya alihesabiwa mume wa kila mwanamke, chini ya usimamizi wa mwanzilishi wake, John Humphrey Noyes. Majirani na wahubiri waliisakama mpaka desturi hiyo ikaachwa mwaka 1879. Towner alikuwa kinara wa kundi lililompinga Noyes ndani ya jumuiya, na baada ya jumuiya kuvunjika yeye na wenzake kadhaa walikwenda kuanza upya Santa Ana. Huko akawa mtu wa heshima, akachaguliwa jaji wa kwanza.

Ninalitaja hili kwa sababu ya kile kilichofuata mjini. Kesi ya kwanza, Oktoba 1889, ilimalizika bila uamuzi. Juri, yaani wale wananchi 12 walioapishwa kuamua kama mtuhumiwa ana hatia, waligawanyika sita kwa sita. Wote walikuwa wanaume. Wanawake wa California hawakupata haki ya kukaa kwenye juri mpaka mwaka 1917, miaka sita baada ya kupata kura. Sita kati ya wanaume hao hawakuona sababu ya kumfunga. Hapo ndipo mwenendo wa Modesta ulipoanza kujadiliwa kwa bidii kuliko nguzo yake. Hakuwa ameolewa. Alipenda dansi, alikuwa na marafiki wa kiume, na uvumi ulivuma kwamba ana mimba. Haya yote hayana uhusiano wowote na reli. Lakini katika mji mdogo mwanamke huchunguzwa kuanzia chini, na magazeti ya Santa Ana hayakuona aibu kuchangia. Aliyekaa juu ya kiti akiongoza kesi ile alikuwa mtu aliyekimbia upande wa pili wa bara kuyaacha nyuma maneno ya watu kuhusu nani analala na nani. Kama jambo hilo lilimpitia moyoni, hukumu yake haikulionyesha.

Kesi ikasikilizwa mara ya pili mwezi uleule, mbele ya juri jipya. Safari hii walikubaliana: ana hatia ya kujaribu kuzuia treni. Towner akampa miaka mitatu katika gereza la jimbo. Rufaa haikumsaidia.

Miaka mitatu kwa nguzo iliyoondolewa. Njia nzuri ya kuupima uzito wake ni kurudi nyuma miaka tisa na kwenda kaskazini kidogo, Mussel Slough, katika bonde la San Joaquin. Huko walowezi, wengi wao Wazungu, walikuwa wamelima ardhi ya Southern Pacific wakiamini kwamba watauziwa kwa dola mbili na nusu kwa eka, kama vipeperushi vya kampuni vilivyodokeza. Walipolibadilisha jangwa kuwa mashamba ya ngano, kampuni ikapandisha bei mara kumi na zaidi kwa baadhi ya viwanja. Tarehe 11 Mei 1880 walowezi wenye silaha walikutana na msimamizi wa mahakama ya serikali kuu na watu wa upande wa reli waliokuja kuwatoa watu mashambani. Risasi zikafyatuliwa, watu saba wakafa. Walowezi watano walitiwa hatiani kwa kumpinga ofisa yule. Walipewa miezi minane. Walifungwa San Jose, ambako walitendewa kwa upole, na walipotoka walipokewa na umati na hotuba. Frank Norris baadaye aliwaandikia riwaya nzima, The Octopus, iliyotoka mwaka 1901, na kila mwanafunzi wa fasihi ya Marekani anaijua.

Sisemi kesi hizo mbili zinafanana kila kitu. Makosa yaliandikwa tofauti, mahakama zilikuwa tofauti. Lakini wote waligombana na kampuni ya reli juu ya swali moja, la nani anamiliki na kwa bei gani. Upande mmoja kulikuwa na bunduki na maiti saba, upande mwingine nguzo na karatasi. Wenye bunduki walikuwa wanaume, wakulima, wapiga kura, watu ambao juri lilijiona ndani yao. Modesta hakuwa na hata kimoja katika hivyo. Alikuwa mwanamke, hana mume wa kumsemea, mzungumzaji wa Kihispania katika kaunti iliyokuwa ikiandikwa upya kwa Kiingereza, mwenye kipande cha ardhi kilichobaki wakati wenzake wa rangi moja walikuwa wameshaambiwa kwamba zama zao zimekwisha.

Kuna kejeli moja ya kisheria ambayo siwezi kuiacha. Mwaka 1886, miaka mitatu kabla ya nguzo, Mahakama Kuu ya Marekani ilisikiliza mgogoro wa kodi kati ya kaunti ya Santa Clara, hukohuko California, na Southern Pacific. Kabla mawakili hawajaanza kuzungumza, Jaji Mkuu Morrison Waite alitamka kwamba mahakama haihitaji kushawishiwa juu ya jambo moja: ulinzi sawa wa sheria ambao Marekebisho ya 14 ya katiba yanampa kila mtu, unaihusu na kampuni. Maneno hayo hayakuwa sehemu ya hukumu, lakini karani aliyeripoti kesi aliyaweka juu yake, na kutoka hapo yakaanza maisha yake. Marekebisho yale yaliandikwa kuwalinda watu waliotoka utumwani. Reli ikaingia chini ya mwavuli huo na kukaa. Kwa hiyo Oktoba 1889, katika chumba cha mahakama cha Santa Ana, ukihesabu kwa macho ya sheria, walikuwapo watu wawili waliogombania kipande kimoja cha ardhi. Mmoja wao hakuwa na mwili. Mwenye mwili ndiye aliyefungwa.

San Quentin liko kwenye ghuba ya San Francisco, zaidi ya kilomita 600 kaskazini. Njia ya kawaida ya kutoka Santa Ana kwenda huko wakati ule ilikuwa treni. Lilikuwa gereza la wanaume, na wanawake wachache waliopelekwa huko waliwekwa pembeni, katika sehemu iliyobanana, wakifikiriwa mwisho kila kitu kilipogawiwa. Huko Modesta alipigwa picha, kama kila mfungwa. Ndiyo picha inayomwakilisha mpaka leo katika vitabu na maonyesho: sura ya mmiliki wa ardhi tunaijua kwa sababu dola ilimpiga picha kama mhalifu.

Alikufa humo mwaka 1891, kifungo hakijaisha, hajafikisha hata miaka 30.

Kwa muda mrefu kaunti ilimkumbuka kama kituko, ile "mhalifu wetu wa kwanza" ya kutiwa kwenye makala za kuadhimisha miaka kadhaa ya kuanzishwa. Aliyembadilisha ni mwanahistoria Lisbeth Haas, ambaye mwaka 1995 alitoa kitabu kuhusu utekaji na utambulisho katika California, na akamweka Modesta mwanzoni kabisa mwa simulizi lake. Haas aliiona kesi ile kama dirisha la kutazamia jinsi Waacjachemen, Wakalifornia wa enzi za Meksiko na Wamarekani waliokuja baadaye walivyoigombania ardhi moja na haki ya kuipa jina. Tangu hapo Modesta amekuwa mama wa kiroho wa wanaharakati wa Kichikano, yaani Wamarekani wenye asili ya Meksiko, kusini mwa California, wengine wakimweka pamoja na majambazi mashujaa wa zama zile. Hilo nalo linanitatiza. Jambazi hachukui karatasi na kuandika kiasi anachodai. Modesta hakutaka kuifukuza reli. Kama angetaka, asingeipa bei. Alitaka ipite, na alitaka ilipe ushuru wa kupita. Alikuwa mfanyabiashara kuliko walivyokuwa tayari kumkubali waliomfunga, na pengine kuliko wanavyotaka wanaomtukuza.

Februari 1891, miezi michache kabla hajafa, mafuriko yaliisomba tena njia ya korongo la Temecula, na Santa Fe ikaamua kutoijenga njia ile upya. Tangu hapo kila treni kati ya Los Angeles na San Diego imepita San Juan Capistrano. Stesheni ya matofali ilijengwa mwaka 1894. Leo treni za Amtrak na za Metrolink husimama pale, na Machi inapofika hushusha watalii wanaokuja kwa ajili ya mbayuwayu wa misheni.

Na ardhi ya pwani ile bado haijaridhiana na reli. Mwishoni mwa Septemba 2022, huko San Clemente, mji wa jirani upande wa kusini, kilima kilikuwa kikiisukuma njia kuelekea baharini. Treni za abiria zilisimamishwa kwa miezi, zikarudi, zikasimamishwa tena, na mamilioni ya dola za umma yakatumika kukishikilia kilima kwa vyuma virefu vilivyochimbiwa ardhini. Sasa yako mapendekezo ya kuihamisha reli itoke ufukweni iende bara. Bara kuna nyumba, na wenye nyumba hizo wana hati, wana kura, na wana mawakili.